Wa Nane Katika Mashua

Harufu ninayoijua kuliko zote ni ya grisi iliyolowa maji. Ilikaa ndani ya kijumba cha mawe chini ya ukuta wa bwawa, mahali palipokuwa na gurudumu la chuma la kufungulia na kufungia maji ya mji. Ilikaa pia katika koti la Baba, katika mikunjo ya vidole vyake na katika mto aliolalia. Hata leo nikipita karibu na gereji mjini Nyeri wakati wa mvua na harufu hiyo ikanipata, miguu yangu hugeukia upande wa juu wa barabara kabla akili haijajua sababu. Watu wengi hukumbuka utoto wao kwa harufu ya maziwa yanayochemka au mahindi yanayochomwa. Wangu ulinukia grisi, na ndani ya grisi hiyo mlikuwa na hofu.

Baba alikuwa mlinzi wa bwawa. Tuliishi katika nyumba ya mbao na mabati kwenye bega la ukuta, yeye, mimi na Cucu, ndivyo tunavyomwita nyanya kwetu. Mama alikuwa Endarasha na dada zangu, akilima viazi katika shamba tulilogawiwa, akija kwetu mwisho wa mwezi na gunia mgongoni. Nilikuwa na miaka tisa. Uhuru ulikuwa umeshazoeleka kiasi kwamba bendera ya shule yetu ilikuwa imepauka na hakuna aliyekumbuka kuibadilisha. Mto uliozuiwa pale ulishuka kutoka misitu ya Nyandarua, mwembamba na wa baridi kali. Chini ya ukuta mtu aliweza kuuvuka kwa kukanyaga mawe manne bila kulowesha viatu. Juu ya ukuta mto uleule ulikuwa umegeuka kuwa kitu kingine: maji mapana, meusi, yasiyosema neno. Wazungu walijenga ukuta huo kwa udongo na mawe ili mji upate maji, na walipoondoka waliuacha ukiendelea na kazi yake. Wakubwa walisema ni baraka. Mimi niliishi kando ya baraka hiyo kila siku, na nilijua kwamba kimya kingi kina mshindo mkuu.

Kila asubuhi Baba alishuka hadi kwenye kitako cha ukuta, mahali ambapo maji kidogo yalipenya na kuchuruzika kwenye nyasi. Alikuwa na glasi moja aliyoitunza kwa kazi hiyo tu. Aliyakinga maji, akainua glasi kwenye mwanga, akaitazama kwa muda mrefu kama daktari. Alinieleza kwamba kila ukuta wa udongo huvuja, na kuvuja si neno. Maji yakiwa safi, ukuta ni mzima. Yakitoka na matope, ujue ukuta unaliwa kutoka ndani, na hapo usirudi nyumbani kuchukua hata kiatu. Kimbia upande wa juu. Alinieleza hayo kwa utulivu, akidhani ananipa elimu. Tangu siku hiyo sikunywa maji katika glasi yoyote bila kwanza kuyainua kwenye mwanga, na nikiwa darasani mvua ikianza kupiga mabati nilisikia maneno yale yakijirudia kichwani: kutoka ndani, kutoka ndani.

Lakini ukuta haukuniogopesha kama mnara. Hatua kumi na tano hivi kutoka ukutani, ndani ya maji, ulisimama mnara mnene wa zege, mrefu kama nyumba mbili, bila dirisha. Ubavuni mwake, chini tu ya uso wa maji, mahali pasipoonekana, palikuwa na tundu lenye chujio la vyuma, na hapo ndipo maji yalipovutwa kwenda mjini. Siku moja Baba alinipeleka kwa mashua hadi karibu nao, akatupa jani la mgomba majini. Jani lilielea kwa uvivu, likazunguka mara mbili kama lililosahau kitu, kisha likasimama wima na kuzama. Halikuibuka. "Hapo ndipo mji unapokunywa," alisema. "Na mji haujui kuchagua." Nilielewa vizuri sana. Maji usiyoyafika hujui kina chake, lakini yale nilijua yanakoelekea, na hiyo ilikuwa mbaya zaidi.

Ni bwawa hilohilo lililonifunza hesabu. Kwenye ukingo palikuwa na ubao mrefu uliopakwa rangi nyeupe, wenye mistari na namba, nao ndio uliopima kimo cha maji. Baba hakusoma zaidi ya darasa la tatu, lakini ubao huo aliusoma bila kukosea, asubuhi na jioni, akaandika katika daftari lenye gamba gumu. Nilipofika miaka saba aliniachia kazi ya jioni. Nilisimama pale nikisoma namba ambayo maji yameigusa, nikaona furaha ambayo shule haikuwahi kunipa: kitu kikubwa cha kutisha kilikuwa kimekubali kuandikwa kwa tarakimu mbili. Nikaanza kuhesabu kila kitu. Nilihesabu nguzo za ua, hatua kutoka nyumbani hadi kijumba cha mawe, bata-maji waliotua alasiri. Kila nilichokihesabu kiliniogopesha kidogo kuliko awali.

Cucu hakuupenda ugonjwa huo wangu. Katika desturi yetu ya zamani, kilicho hai hakihesabiwi. Mwenye mbuzi hakusema ana mbuzi wangapi. Alisimama mlangoni mwa zizi jioni, akawatazama wakiingia, akamjua asiyekuwepo kwa rangi yake. Watoto ndio kabisa. Kumnyoshea mtoto kidole na kumpa namba ni kumwonyesha kwa kile kinachongoja kumchukua. Kumi haikutamkwa; ilikuwa "tisa iliyojaa". Saba ilikuwa namba ya laana, na Cucu, Mkristo wa ubatizo na mwimbaji wa kila Jumapili, akiwa na mayai saba alisema ana sita na jingine. Siku moja aliniona nikiwahesabu kwa kidole wanawake waliokuwa wakishuka kwenda kuchota maji. Alinishika kidole hicho, akakikunja ndani ya kiganja changu, akakibana mpaka kikauma. "Hesabu ubao wa baba yako," alisema. "Watu waache. Ukiwahesabu watu, mmoja anapungua." Sikuacha. Nilijifunza tu kuhesabu bila kidole na bila kusogeza midomo.

Jumapili bwawa lilibadilika. Watu wa mjini walikuja kupumzika: familia za Kihindi na vyungu vyao vya chakula, karani na mchumba wake wakipigwa picha wakiegemea mkalitusi, wavuvi wa samaki wa trauti waliosimama kutwa bila kupata kitu wakarudi wakiwa na furaha. Watoto wa makanisa walikuja kwa miguu na mikate na soda. Baba aliwapandisha katika mashua ya bati iliyotumika kuondoa takataka majini, wanne kwa safari, hata wangelia vipi, akawapeleka ng'ambo na kuwarudisha. Hakukaribia mnara. Mimi nilikaa kwenye mlango wa nyumba yetu, nikiwahesabu walioenda na waliorudi, na kila safari niliiweka roho yangu rehani kwa namna ambayo hakuna aliyeijua. Wakilingana, nilipumua.

Jumapili ninayoieleza ilikuja katikati ya mvua za masika. Mlimani kulikuwa kumenyesha siku nne mfululizo, na ingawa asubuhi hiyo jua lilitoka, maji yaliyoingia bwawani yalikuwa ya rangi ya chai ya maziwa, na ubao ulionyesha kimo ambacho sikuwahi kukiandika. Baba aliifunga mashua kwa mnyororo na kufuli, akatundika ufunguo kwenye msumari ndani ya nyumba, akaniambia leo hakuna mashua. Kisha akaenda na mti wake mrefu wenye ndoano upande wa pili wa ukuta, mahali ambapo maji ya ziada yanamwagikia, kwa sababu magogo yalikuwa yameanza kuziba njia. Kutoka pale nyumba yetu haionekani, na kwa ngurumo ya maji huwezi kumsikia hata mtu aliye kando yako.

Watoto wa Shule ya Jumapili kutoka mjini walifika wakiwa na mwalimu wao, wazazi wachache na shemasi mmoja, mtu mnene mcheshi aliyependwa na kila mtu. Watoto walikimbilia mashua moja kwa moja. Shemasi akapanda hadi mlangoni kwetu.

"Msichana, baba ako wapi?"

"Anatoa magogo kule chini."

"Basi leta ufunguo ya mashua. Hawa watoto wametembea tangu asubuhi."

"Baba amesema leo hakuna."

"Amesema hivyo kwa watu hawajui maji. Mimi nimepiga makasia Kisumu miaka miwili. Huko maji inameza mpaka jua. Hii yenu ni sufuria ya chai."

Watu wakacheka. Mama mmoja aliyekuwa akikata mkate akasema, "Shemasi, usiimwage tu, hatujakunywa." Wakacheka tena. Mimi nilibaki nimesimama. Kumkatalia mzee wa kanisa mara moja kunaweza kuitwa usahaulifu. Mara ya pili ni utovu wa adabu, na Cucu alikuwa ameenda shambani kung'oa nduma, kwa hiyo hapakuwa na mkubwa wa kunisemea. Niliingia ndani nikautoa ufunguo msumarini. Nakumbuka jinsi ulivyokuwa mwepesi.

Nilirudi mlangoni, nikampa shemasi, nikawatazama wakipanda. Mmoja, wawili, watatu, wanne. Nikangoja shemasi aseme basi. Watano, sita, saba. Wa nane alikuja mbio kutoka upande wa barabara, msichana wa kimo changu aliyevaa sweta ya kijani iliyomfika magotini. Hakuwa na kiatu, na hakutoka katika kundi la wale wenye mkate. Aliruka ndani mwishoni kabisa, akajibana nyuma kama mtu anayejua atashushwa akionekana. Shemasi alikuwa amewapa mgongo, akifungua mnyororo. Wanane. Sikutamka, sikunyosha kidole. Lakini nilihesabu.

Safari ilianza vizuri. Shemasi alijua makasia kweli, sikatai. Lakini alitaka kuonwa akijua, na badala ya kwenda ng'ambo aliielekeza mashua kwenye mnara, auzunguke mbele ya wote. Watoto wa upande mmoja wakanyosha mikono waguse zege. Mashua haikupinduka kwa kelele. Iliinama polepole kama mtu anayeinamia kuokota kitu chini, kisha ikawa imekaa kifudifudi, na bwawa lilikuwa limejaa vichwa.

Yaliyofuata yalifanywa na watu wazima kwa haraka na kwa ushujaa, na sitaki niyapunguze. Wanaume wawili waliingia majini na nguo zao za kanisani. Watoto walikuwa wameshikilia mgongo wa mashua, na upepo ukaisukuma kuelekea ukutani, ambako walivutwa mmoja mmoja kwa kamba na kwa mishipi ya suruali. Shemasi alitoka mwisho, akapiga magoti, akatapika maji. Akina mama waliwapokea watoto kwa vilio. Kila mzazi alimtafuta wake, na kila mzazi alimpata. Wale ambao wazazi wao hawakuja, mwalimu aliwajua kwa majina na akawakumbatia. Akauliza, "Wote wako?" Watu wakatazamana. "Wote wako." Akamwuliza shemasi, naye akaitikia kwa kichwa bila kukiinua, akasema, "Wote wametoka. Mungu ni mkubwa." Mtu akaanzisha wimbo wa kushukuru.

Nilihesabu waliolala kwenye nyasi. Nikahesabu tena kuanzia upande wa pili, kwa sababu Baba alinifunza kwamba ubao husomwa mara mbili. Nikahesabu mara ya tatu. Ilikuwa namba ileile ambayo Cucu hakuitamka hata kwa mayai. Hapakuwa na sweta ya kijani.

Ninaandika haya nikiwa mtu mzima ambaye amejisomea mwenyewe vitabu vingi, na ningeweza kusema kwamba nilishikwa na bumbuazi. Si kweli. Akili yangu ilifanya kazi vizuri, na ndiyo iliyonifunga mdomo. Nilijua kwamba ufunguo niliutoa mimi. Nilijua kwamba niliwahesabu watoto wa watu na mmoja akapungua, kama nilivyoambiwa, na kwamba nikisema namba nitakuwa nimekiri jinsi nilivyomuua. Nikajiambia labda nilikosea, labda alishuka kabla, labda mtu ambaye hakuna anayemwulizia hakuwepo. Watu wazima wote pale, wenye akili, walikuwa wamesema wote wako. Niliyatazama maji karibu na mnara. Yalikuwa tambarare. Nikaona jani la mgomba likisimama wima, ingawa siku hiyo hapakuwa na jani. Wimbo ukaisha, mwingine ukaanza. Mlango nilioushikilia ukagonga fremu yake, nikauachia ili usisikike.

Cucu alifika kwanza, akaweka kikapu cha nduma chini, akaleta blanketi zetu zote bila kuuliza. Kisha Baba akaja, mti wake begani. Aliiona mashua ikielea kifudifudi, akawaona watu. Hakuwakemea wazee. Alikuja hadi nilipo, akasema kwa sauti ndogo, "Nani alitoa ufunguo?"

"Ni mimi."

Alifungua kinywa kusema jambo jingine, na mimi, kwa kuogopa jambo hilo kuliko kitu chochote, nikalitangulia. "Baba, walikuwa wanane."

"Nani?"

"Walioingia. Waliotoka ni sita na mwingine."

Akanitazama. Akageuka akamwendea shemasi, akachuchumaa mbele yake. "Mzee, uliingia na watoto wangapi?"

Shemasi akainua uso. Macho yake yalikuwa mekundu. "Sasa nitajuaje? Watoto wa watu nitahesabu aje kama mbuzi?"

"Huyu anasema wanane."

Mwalimu akasema kwamba watoto wake wote wako, na kwamba msichana ameogopa tu, apewe chai. Mtu akasema ati mtoto wa mlinzi ametoa ufunguo na sasa anatafuta pa kujificha. Baba akabaki amechuchumaa. Nilijua anachokifikiri, kwa sababu nilijua kazi yake. Maji ya mji hayakufungwa bila amri ya ofisi; kulikuwa na hospitali kule, na shule za bweni, na kufunga bila ruhusa ndilo kosa moja lililoandikwa kwenye karatasi ukutani kwetu. Na maadamu maji yalikuwa wazi, hakuna mtu ambaye angeweza kuukaribia mnara kwa kuogelea na kurudi. Akamtazama mama yake, kama mtu mzima anavyomtazama mama yake pale tu ambapo hajui afanye nini. Cucu alikuwa amesikia kila neno. Nilingoja anishike kidole.

"Kama amehesabu, amehesabu," Cucu alisema. "Enda ufunge."

Baba alishuka ukuta mbio, nami nikamfuata. Gurudumu lilikuwa na upana wa mikono yake miwili, na lilizunguka kwa shida, likilia. Ni kitu pekee katika miaka yangu ile ambacho nilikitazama na sikukihesabu. Bomba lililokuwa likinguruma chini ya miguu yetu likapunguza sauti, likakoroma, likanyamaza. Tulipopanda tena Baba alijifunga kamba kiunoni, akawapa wale wanaume wawili ncha yake, akaingia majini akiogelea kama mbwa, kichwa juu, akapotea nyuma ya mnara upande unaotazama msituni. Nyimbo zilikuwa zimekoma. Watu wote walisimama kwenye ukingo, na kwa mara ya kwanza siku ile kila mmoja alikuwa akimtafuta mtoto ambaye si wake.

Tukasikia kikohozi. Si cha Baba.

Upande ule wa mnara kulikuwa na vyuma vya kukanyagia, kama ngazi, vilivyopigiliwa kwenye zege. Msichana alikuwa amevishikilia, maji yakimfika kidevuni. Pindo la gauni lake lilikuwa limevutwa ndani ya chujio, na nguvu ya maji ilimshika miguu wakati wote huo. Hakuweza kupanda, na kila alipofungua kinywa apige kelele maji yaliingia. Maji yalipofungwa, nguo ililegea. Baba alilazimika kuvifungua vidole vyake kimoja kimoja. Walipomlaza kwenye nyasi alikuwa wa rangi ya majivu, na mikono yake haikukunjuka. Ilibaki imeshika hewa.

Jina lake lilikuwa Muthoni. Alikuwa akilea mtoto katika nyumba moja karibu na mji, na siku hiyo alitumwa sukari, akapita njia ya bwawani kuona watoto wenzake wakicheza. Ndiyo maana hakuna aliyemwulizia. Jioni mwajiri wake alikuja akiwa na hasira, akitaka kujua sukari iko wapi, na alipoambiwa, alikaa chini barabarani akajifunika uso kwa leso.

Muthoni alikuwa hai, lakini hofu yangu haikuisha. Ilipata tu makao mapya. Alilazwa na nimonia. Baba alipokuwa akienda kumwona nilimngoja njiani nikimsoma uso kabla hajafika, kama alivyousoma yeye ukuta. Ofisi ilimwandikia barua ya onyo, kwani mji ulikosa maji mpaka jioni, lakini barua hiyo sikuiogopa. Niliogopa desturi. Kama Muthoni angekufa wiki ya pili au ya tatu, hesabu yangu ingekuwa imetimia kwa kuchelewa tu. Niliacha kuhesabu. Nilisoma ubao kwa Baba kwa kunyoosha mkono kwenye mstari, bila kutaja namba, naye akaniacha. Nilikula kidogo na kuota maji yenye matope. Na Cucu, aliyesema yale maneno mbele ya watu wote, hakusema nami lolote kuhusu jambo hilo. Nilimwona akiwa jikoni amesimama na kijiko mkononi, akinitazama kama anavyotazamwa mgonjwa, na nikajua kwamba hata yeye anangoja. Alikuwa amechagua mtoto kuliko desturi, lakini hakuwa na hakika kama desturi imekubali.

Mvua zilikuwa zimepungua pale Baba aliporudi akasema mama yake Muthoni amekuja kumchukua kutoka hospitali, na wameondoka kwa basi la Kiriaini, kwao, kwenye mashamba ya chai. Msichana alitembea mwenyewe hadi kwenye basi. Cucu aliniita. Alivishika viganja vyangu vyote viwili, akavifungua, akatemea mate kidogo katikati yake, kama wazee wetu wanavyombariki mtu, akavifunga. Akarudi kumenya nduma.

Bwawa lipo hadi leo. Mji umekua ukalizidi, na maji yake mengi hutoka kwingine; tope limelijaza nusu, na mahali palipokuwa na nyumba yetu pana hoteli ndogo ya nyama choma na muziki. Nilienda huko mwaka jana na wajukuu wa dada zangu. Watoto huvishwa makoti ya rangi ya machungwa yanayoelea, na mhudumu huwanyoshea kidole mmoja mmoja akihesabu kwa sauti, wakienda na wakirudi, na anaandika. Hakuna mzazi anayeshtuka. Nilitazama jambo hilo kwa furaha kamili, kisha nikatoka nje nikasimama mahali ambapo muziki haukunifikia, nikawahesabu upya bila kidole. Hofu hujua njia yake ya zamani hata barabara ikitiwa lami.

Miaka michache kabla ya hapo nilikuwa nimekutana na Muthoni. Nilienda Kiriaini kununua maharagwe ya mbegu, na mwanamke aliyekuwa akinipimia akanisikia nikitaja nilikotoka, akauliza kama nilimjua mlinzi wa bwawa. Tulikaa kwenye magunia yake mpaka soko likaanza kufungwa. Alikuwa amenenepa, mwenye kicheko, mama wa watoto wakubwa. Nilimwuliza swali nililolibeba miaka yote, kwa sababu nilikuwa nimejaribu kulijibu kwa saa ya mkono, nikitembea kutoka mahali ambapo Baba alikuwa hadi nyumbani, na sikuwahi kupata jibu la kuaminika: alikaa pale mnarani kwa muda gani?

"Nyimbo mbili na maombi," alisema mara moja. "Nilisikia zote. Nilisikia mkisema wote wako. Nyinyi mlikuwa mnasikika vizuri sana."

Nikamwambia jambo ambalo sikumwambia Baba wala Cucu mpaka wakafa: kwamba nilijua tangu wimbo wa kwanza haujaanza. Kwamba nilisimama mlangoni nikijua. Alifunga mdomo wa gunia kwa kamba ya katani, akaukaza.

"Unajua kitu kilinimaliza nguvu?" alisema. "Si maji. Nilikuwa najua hakuna mtu hata mmoja hapa duniani anajua niko hapo." Akaikaza kamba tena ingawa ilikuwa imeshakazwa. "Kumbe alikuwako."

Sikujua kama alikuwa akinishukuru au akinihukumu. Alinipimia maharagwe yangu, akaongeza konzi moja juu, nikayapokea kwa mikono miwili.